Barua kwa Hamisi: Maruyama Sadao, mwigizaji aliyefungiwa milango

Tanga

Ndugu yangu Hamisi,

Assalaam aleikum. Natumai u mzima, na shemeji na watoto hawajambo. Sisi huku ni salama, alhamdulillahi.

Barua yako nimeipata na swali lako limenifurahisha. Umesema kikundi chenu cha filamu za zamani mmeshaitazama ile ya Naruse Mikio ya mwaka 1935, Tsuma yo bara no yo ni, na mkabaki mnaulizana: yule baba aliyekimbilia milimani kuchekecha dhahabu ni nani, na kwa nini baada ya vita haonekani tena? Anaitwa Maruyama Sadao. Haonekani kwa sababu alifariki tarehe 16 Agosti 1945, siku moja baada ya mfalme kuitangazia Japani kwamba vita vimekwisha, na kilichomuua ni bomu la Hiroshima. Hayo utayakuta katika orodha yoyote ya waigizaji wa Kijapani. Mengi yaliyoandikwa juu yake huishia hapo, kana kwamba mtu wa senema wa Tokyo alipita tu Hiroshima siku mbaya. Hakupita tu. Ukiifuata kazi yake mwaka baada ya mwaka, utaona milango ikifungwa mmoja mmoja: kwanza sheria, kisha uhaba wa mkanda, kisha amri ya kufunga majumba ya maonyesho, mpaka ikabaki njia moja, na njia hiyo ilikwenda Hiroshima. Ndiyo maana nataka nikueleze zaidi habari za vibali, mikanda na treni kuliko sifa zake za jukwaani.

Alizaliwa Matsuyama, kisiwa cha Shikoku, mwaka 1901. Alianzia kwenye michezo ya kuimba, ile iliyoitwa opera ya Asakusa kwa jina la mtaa wa Tokyo, ambayo tetemeko la ardhi la Septemba 1923 liliivuruga pamoja na mtaa wenyewe. Tarehe 13 Juni 1924 jumba dogo la Tsukiji lilifunguliwa Tokyo na Osanai Kaoru na Hijikata Yoshi, likiwa na viti visivyofika 500. Lilijengwa kwa ajili ya tamthilia za aina mpya: Chekhov na waandishi wengine wa Ulaya, bila nyimbo na bila mikao ya kabuki, maigizo ya jadi ya Kijapani. Maruyama alikuwa miongoni mwa waigizaji wa mwanzo kabisa, na ndiye aliyegonga kengele kubwa ya shaba kufungua onyesho la kwanza. Osanai alipofariki mwishoni mwa 1928 kundi liligawanyika, na Maruyama akafuatana na Hijikata kwenye kundi la Shin Tsukiji, lililoelemea mrengo wa kushoto. Kumbuka hilo, maana polisi walilikumbuka.

Aliingiaje kwenye filamu? Kwa mlango wa sauti. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 filamu bubu zilikuwa zinaondoka Japani, na wale wasimulizi waliokaa kando ya pazia wakieleza picha, kama watafsiri wa mabanda yetu ya video, walikuwa wanapoteza kazi. Kampuni ya P.C.L. ilianza kama maabara ya kurekodi sauti, ikajenga studio Kinuta, na mwaka 1933 ikaanza kutengeneza filamu zake yenyewe. Ilikuwa na vinasa sauti vizuri lakini haikuwa na waigizaji. Nyota wa filamu bubu wengi walikuwa mali ya kampuni kubwa, na baadhi yao sauti zao hazikulingana na sura. Waigizaji wa Tsukiji walikuwa wamezoea kusema maneno mengi, kwa lugha ya kawaida, na kusikika hadi kiti cha mwisho. Nao walikuwa na njaa, kwa sababu tamthilia haikuwalipa. P.C.L. ikawachukua. Mwaka 1937 kampuni hiyo iliingia ndani ya Toho.

Tatizo la mtu wa jukwaani mbele ya kinasa sauti ni kwamba anatupa sauti mbali. Maruyama hakufanya hivyo, na hapo ndipo ninapomwona bingwa. Katika filamu mliyoitazama, binti yake Kimiko, aliyechezwa na Chiba Sachiko, anamfuata Nagano ili amrudishe kwa mama yake aliye mshairi. Sikilizeni tena jinsi baba anavyojibu. Sauti iko chini, sentensi zinaishia katikati, na anazungumza kama mtu anayejua amekosa lakini hawezi kuishi pengine. Hakuna kulia wala kupiga kifua. Kinasa sauti cha mwaka 1935 kilikuwa kinameza konsonanti za mtu anayenong'ona, kwa hiyo mwigizaji alitakiwa aseme polepole lakini atamke wazi. Yeye amefanya hivyo bila mtu kuona kwamba anafanya kazi. Jarida la Kinema Junpo liliitaja filamu hiyo kuwa bora ya mwaka, na mwaka 1937 ilionyeshwa New York kwa jina la Kimiko.

Sasa milango. Sheria ya Filamu ya Japani ilitangazwa rasmi mwezi Aprili 1939, na ikaanza kutumika tarehe 1 Oktoba mwaka huo. Kwa mwigizaji, maana yake ilikuwa hii: huwezi kusimama mbele ya kamera kwa ujira mpaka uwe umesajiliwa, na ili usajiliwe unafanya mtihani. Waongozaji na wapiga picha vilevile. Miswada ya filamu ilisomwa na wakaguzi kabla kamera haijawashwa, ilhali zamani mkaguzi aliletewa filamu iliyokwisha. Watu wengi hufikiri ukali wa sheria hiyo ulikuwa kwenye kukata picha. Kukata kulikuwapo tangu miaka ya 1920. Ukali mpya ulikuwa kwenye kibali, kwa sababu kibali hunyang'anywa mtu, na mtu asiye nacho hana kazi katika kampuni yoyote nchini. Mhakiki Iwasaki Akira aliipinga sheria hiyo hadharani, akakamatwa Januari 1940. Mwongozaji Kamei Fumio alikamatwa 1941 na kibali chake kikafutwa. Baada ya hapo hakuna aliyehitaji kuelezwa zaidi.

Agosti 1940 ikaja zamu ya jukwaa. Polisi walikamata watu wapatao 100 wa tamthilia mpya, na makundi mawili makubwa, Shinkyo na Shin Tsukiji, yakalazimishwa kujivunja. Mtu kama Maruyama, aliyekuwa na mguu mmoja jukwaani na mwingine studio, akapoteza ule mguu uliomfanya awe mwigizaji.

Hapa pana jambo dogo litakalokusaidia mtakaposoma majina mwanzoni mwa filamu. Mwaka huohuo 1940 Wizara ya Mambo ya Ndani iliwaamuru wasanii wenye majina ya kizungu, ya mzaha au yasiyo na heshima wayabadilishe. Fujiwara Kamatari, aliyekuwa P.C.L. pamoja na Maruyama, jina lake lilisikika sawa na la mwasisi wa ukoo wa Fujiwara wa karne ya 7, ikaonekana ni utovu wa adabu. Akawa Fujiwara Keita. Baada ya vita akalirudia jina lake, na ndiye yule mkulima mwenye hofu juu ya binti yake katika Samurai Saba ya Kurosawa. Anayepanga orodha ya filamu bila kulijua hilo hupata watu wawili badala ya mmoja, au hudhani mmoja alikufa vitani. Maruyama mwenyewe huchanganywa na Yamanaka Sadao, ambaye alikuwa mwongozaji, si mwigizaji; huyo alipelekwa jeshini na akafariki China mwaka 1938, akiwa na umri wa miaka 28. Wajapani hutanguliza jina la ukoo, kwa hiyo Sadao ni jina la kupewa na lina wenyewe wengi. Ukimtafuta kwenye mtandao tumia maandishi ya Kijapani, 丸山定夫, hapo hutapotea.

Mlango uliofuata ulikuwa mkanda wenyewe. Mkanda wa siku hizo ulitengenezwa kwa nitroselulosi, na nitroselulosi ndiyo hiyohiyo inayotengeneza baruti. Japani ilikuwa na kiwanda chake, Fuji, tangu 1934, lakini studio zilizoea pia mkanda wa kutoka nje, na uhusiano na Marekani ulipovunjika mwaka 1941 njia hiyo ikakatika. Agosti 1941 serikali ikaziambia kampuni kwamba jeshi ndilo la kwanza kupewa. Kampuni za filamu za hadithi zikaunganishwa zikabaki tatu, Shochiku, Toho na Daiei, kila moja na ruhusa ya filamu mbili tu kwa mwezi. Kuanzia Aprili 1942 usambazaji wote ukawa chini ya shirika moja. Nchi iliyokuwa ikitoa mamia ya filamu kwa mwaka ikatoa chini ya 100 mwaka 1942, na idadi ikaendelea kushuka.

Pima hesabu hiyo kwa upande wa mwigizaji wa nafasi za pili, maana ndivyo alivyokuwa Maruyama. Filamu zikipungua, nyota hapungukiwi sana, kwa sababu kila filamu inamtaka. Anayekosa kazi ni baba, mjomba, mwalimu, mwenye duka. Na filamu zilizobaki zilihitaji marubani vijana na makamanda. Kubwa kuliko zote, ile ya vita vya baharini vya Hawaii na Malaya aliyoiongoza Yamamoto Kajiro kwa agizo la jeshi la wanamaji, ilitolewa Desemba 1942 kuadhimisha mwaka mmoja wa shambulio la Japani juu ya Pearl Harbor, Hawaii. Wenye sifa ndani yake ni meli za mfano na mabwawa ya maji ya Tsuburaya Eiji. Uso wa mtu mzima anayejuta haukuwa na soko.

Lakini mwaka huohuo jukwaa lilimpa nafasi ambayo kwangu ndiyo kilele chake. Mei 1942 kundi la Bungakuza lilimwalika acheze Matsugoro, mvuta riksho (kigari cha abiria kinachokokotwa na mtu) wa mji wa Kokura, mkorofi na asiyejua kusoma, anayemsaidia mjane wa afisa wa jeshi kulea mtoto na kumpenda kimyakimya hadi kufa. Mjane alichezwa na Sugimura Haruko. Studio ya Daiei ikakitengeneza kisa hicho kuwa filamu mwaka 1943, Muhomatsu no issho, mwongozaji Inagaki Hiroshi, na nafasi ya Matsugoro ikaenda kwa Bando Tsumasaburo, nyota wa filamu za panga. Simlaumu Inagaki, Bando aliicheza vizuri sana. Ila hivyo ndivyo mambo yalivyokuwa: kampuni yenye ruhusa ya filamu mbili kwa mwezi haiwezi kuweka mkanda wake juu ya mtu asiyejaza ukumbi.

Mjane wa kwenye filamu ni Sonoi Keiko, binti wa Iwate aliyefunzwa Takarazuka, kwenye lile kundi la maonyesho la wasichana pekee, akaliacha mwaka 1942. Mtazameni, kwa maana kisa chake na cha Maruyama kinakwenda kuungana. Na muangalie pia filamu ilivyojeruhiwa. Wakaguzi wa wakati wa vita walikata zaidi ya dakika 10, pamoja na pale Matsugoro anapokaribia kumwambia mjane yaliyo moyoni. Mvuta riksho kumtamani mke wa marehemu afisa, wakati maafisa wanakufa kila siku, halikukubalika. Vita vilipokwisha, Wamarekani wakakata dakika kadhaa nyingine zilizoonyesha Wajapani wakisherehekea ushindi juu ya Urusi. Sehemu ya mwisho ina picha za gurudumu la riksho linalozunguka juu ya kumbukumbu za maisha yake. Mpiga picha Miyagawa Kazuo alizipandisha picha hizo moja juu ya nyingine ndani ya kamera: unapiga, unarudisha mkanda nyuma kwa kuhesabu fremu, unapiga tena juu yake. Ukikosea hesabu mara moja, kipande chote kimeharibika na mkanda ndio huo hauna mwingine. Kwa hiyo pale mnapoona kisa kinaruka ghafla, msidhani Inagaki hakujua kuunganisha. Mkasi ulipita.

Maruyama hakukaa kusubiri simu ya studio. Mwaka 1942 yeye, Susukida Kenji, Fujiwara yule wa majina mawili, na Tokugawa Musei, msimulizi maarufu wa enzi za filamu bubu, walianzisha kundi lao, Kurakuza. Sonoi akajiunga. Walikuwa watu wa filamu waliotaka jukwaa, na kwa muda liliwezekana. Kisha Machi 1944 serikali ikafunga majumba makubwa 19 ya maonyesho kwa hoja ya kuzuia anasa. Kabukiza lilifungwa, na la Takarazuka pia.

Baada ya hapo mwigizaji aliyetaka kuigiza kihalali alibaki na Shirikisho la Maigizo ya Kuhamahama la Japani, lililoundwa Juni 1941. Makundi yake yalikwenda kwenye viwanda, migodi na vijiji, yakicheza kwenye mabwalo ya chakula na kumbi za shule. Mandhari ya jukwaa ilipunguzwa ikawa kile kinachobebeka kwenye treni. Kuwa ndani ya Shirikisho kulikuwa na faida za kweli: kwanza chakula, kisha safari, kwa kuwa kufikia 1944 kusafiri mbali kwa treni kulihitaji kibali cha polisi. Upungufu mkubwa ulikuwa wanaume. Vijana walikuwa jeshini, kwa hiyo kundi lilijaa wanawake, na mchezo ulichaguliwa kwa kuangalia ni wanaume wangapi waliobaki.

Kurakuza likawa kundi la kuhamahama. Kufikia 1945 Tokyo ilikuwa inachomwa kwa mabomu na reli zinakatika, na Shirikisho likaamua makundi yahamishiwe mikoani, kila moja na eneo lake, ili yasitegemee kutoka Tokyo kila mara. Kundi la Maruyama lilipewa eneo la Chugoku, makao Hiroshima. Lilihamia huko Juni 1945 kwa jina jipya, Sakura-tai, na yeye ndiye kiongozi. Hiroshima ilikuwa haijashambuliwa sana, ikaonekana ni mahali pa usalama kuliko Tokyo. Julai walizunguka pwani ya kaskazini wakicheza tamthilia ya Shishi ya Miyoshi Juro, kisha wakarudi mjini. Maruyama alikuwa anaumwa utando wa mapafu, amelala.

Tarehe 6 Agosti, saa 2 na robo asubuhi, watu 9 wa kundi walikuwa kwenye nyumba yao ya mtaa wa Horikawa, chini ya kilomita moja kutoka palipolipukia bomu. Watano, wote wanawake, walifia humohumo. Wanne walitoka. Siku hiyo Sonoi alikuwa anatimiza miaka 32. Yeye na kijana Takayama Shozo, mtoto wa Susukida Kenji, walipata treni hadi Kobe wakiwa hawana majeraha makubwa, na Sonoi alimwandikia mama yake kwamba amenusurika. Kisha nywele zikadondoka, homa ikapanda, damu ikaanza kutoka. Takayama alifariki tarehe 20, Sonoi tarehe 21. Naka Midori alifika hadi Tokyo na kulazwa hospitali ya Chuo Kikuu cha Kifalme tarehe 16, akafariki tarehe 24. Chembe nyeupe za damu yake zilikuwa zimeshuka zikabaki mia chache badala ya elfu kadhaa, na yeye ndiye mgonjwa wa kwanza ambaye madaktari waliandika rasmi kwamba ameuawa na ugonjwa wa bomu la atomiki. Maruyama alipatikana kati ya majeruhi, akapelekwa hekaluni kwenye kisiwa cha Miyajima, na hapo ndipo alipofariki, akiwa na miaka 44. Kati ya wale 9, wanaume walikuwa wawili tu, yeye na Takayama, nilikwishakueleza sababu.

Tokugawa Musei, ambaye hakuwa pamoja nao Hiroshima, alishughulikia mnara wa kumbukumbu uliosimamishwa mwaka 1952 kwenye hekalu la Gohyaku Rakanji, Meguro, Tokyo. Kuna mwingine Hiroshima penyewe, kando ya Barabara ya Amani. Mwaka 1988 Shindo Kaneto, naye mtu wa Hiroshima, aliwatengenezea filamu, Sakura-tai chiru, nusu maigizo na nusu mahojiano na waliowafahamu.

Kwa kikao chenu kijacho, ushauri wangu ni huu. Msianze na filamu ya Shindo, kwa sababu mtawaona kama marehemu kabla hamjawaona kama wafanyakazi. Onyesheni ile ya 1943 kwanza, katika nakala iliyosafishwa upya mwaka 2020 kama mtaipata, kwa maana nakala za zamani ni za giza na kazi ya Miyagawa haionekani. Kabla ya kuwasha, waambieni watu dakika zilizokatwa na kila upande ulichokata. Kisha rudieni robo saa ya filamu ya 1935, pale Kimiko anapomkuta baba yake mlimani, mpate kumsikia Maruyama akiongea. Shindo awe wa mwisho. Tafsiri za maandishi ya chini ziangalieni mapema, kwa sababu nyingine huandika jina la ukoo mwishoni na watazamaji watachanganyikiwa kama ninyi mlivyochanganyikiwa.

Ukishapata nakala niandikie ina urefu wa dakika ngapi. Ikizidi 80 sana, ina maana mmepewa ile ya 1958 ambayo Inagaki aliirudia na Mifune Toshiro. Ni nzuri, lakini Sonoi hayumo.

Wasalimie wote, na shemeji mwambie ule mkeka wake uko tayari.

Wasalaam,
Ndugu yako,
Mbaraka